Visahani Vitatu na Paa Moja

Thiruvananthapuram, 14 Juni 1991

Mjomba Chathukutty,

Shikamoo. Mfikishie na mkaza mjomba Kalyani shikamoo yake, na umwambie ule mtungi wa achari ya maembe umefika mzima, ila Mama ameuficha chini ya kitanda na mimi naonjeshwa kwa ncha ya kidole. Mama hajambo. Jicho la kushoto limetolewa mtoto wa jicho wiki iliyopita, na sasa amefungwa kitambaa na anawagombeza manesi. La kulia litangoja mpaka mvua zipungue, kwa hiyo mtamkosa huko Feroke kwa miezi kadhaa. Anasema ng'ombe wake usimuuze. Amenishikilia niandike hilo kabla ya neno lingine lolote.

Sasa yangu. Siku ya Vishu, mwaka mpya wetu, uliniuliza ninafanya nini huku, nikakujibu kwa mkato kwamba naoka visahani, nawe ukacheka ukasema serikali inanilipa mshahara nipike vitumbua. Leo nakujibu vizuri kwa kuwa nina shida.

Chukua kisahani cha kauri, kipana kama kitufe cha koti. Yale mawimbi ya redio mafupi sana, yanayobeba simu kutoka mnara hadi mnara, yakiingia ndani ya kauri hupunguza mwendo na kujikunja yakawa madogo. Wimbi likifika ukingoni linataka kutoka, ukingo unalirudisha. Linazunguka humo humo, na kama urefu wake unalingana na kipimo cha kisahani, kisahani chote kinaitika kwa sauti moja. Si sauti ya masikio yetu, ni ya mashine tu kuisikia, lakini ni sauti. Zamani kazi hiyo ilifanywa na kopo tupu la shaba, kubwa kama lile kopo lako la ngazi tatu ulilobebea chakula kiwandani. Siku hizi kitufe kinatosha. Kisahani chema kina sifa mbili: kikishaitika kinaendelea kulia muda mrefu, na hakibadilishi sauti jua likikipiga.

Mwezi wa Kumbham, kabla ya joto kali, nilioka visahani vitatu. Mashine ilivipa ubora wa elfu kumi na mbili. Profesa Eapen, mkubwa wangu, alipoiona hiyo namba alivuta kiti akaketi. Tukaandika taarifa, na watu wa simu wakaleta barua: wanataka mia mbili kwa minara ya milimani, Wayanad na Idukki. Nikaoka vingine. Unga ule ule, tanuri lile lile, mikono hii hii. Ubora elfu nne. Vinalia kidogo vinanyamaza.

Hati ya ubora inatakiwa mwisho wa Agosti. Wewe umegonga vigae kiwandani miaka thelathini na moja, basi nina maswali mawili. Ulijuaje kigae kibovu? Na je, umewahi kupitisha kigae ambacho ulijua ni kibovu?

Mpwa wako,
Hemalatha

*

Feroke, 3 Julai 1991

Hema,

Barua yako ilikaa posta siku tisa kwa sababu barabara ya Chaliyar ilizama. Sisi wazima. Kalyani ana kikohozi chake cha kila mwaka, anakunywa uji wa dawa na kunilaumu mimi, kama vile mvua nimeileta. Ng'ombe hajauzwa wala hatauzwa, mwambie dada yangu atulie afungue macho vizuri. Zizi linavuja. Kalyani anataka nilipaue kwa vile vigae vya zamani vilivyorundikwa nyuma ya kisima, nimemkatalia. Nitanunua makuti.

Kiwandani wamezima tanuri moja. Watu wanamwaga saruji juu ya nyumba zao sasa, wanalala ndani ya birika. Waliniita wiki iliyopita nikawafundishe vijana wawili kugonga. Mmoja alikuwa anagonga huku anapiga mluzi. Nikamwambia aende akauze karanga.

Sijaelewa mawimbi yako yote, lakini nimeelewa kwamba unagonga. Kumbe umesoma miaka yote hiyo ukarudi kwenye kazi yangu. Haya, sikiliza. Unakalisha kigae kwenye vidole vitatu vya mkono wa kushoto, usikibane, maana ukikibana unakiziba mdomo. Unagonga kwa kifundo cha kidole cha kati. Kizima kinajibu kwa sauti nyembamba, na hiyo sauti inabaki vidoleni baada ya masikio kuisahau. Kilichopasuka kinakohoa, hata mtoto anakijua. Lakini kuna cha tatu, ambacho hakijapasuka, ila hakijaiva. Ukikitazama ni chekundu, kimenyooka, hakina kosa. Ukikigonga kinajibu kama mtu mwenye mafua. Hicho ndicho kibaya kuliko vyote. Kikipandishwa juu ya nyumba kinakunywa mvua yote ya mwaka.

Kikiwa kizima nakipiga mstari wa chokaa. Mstari wangu ulikuwa unajulikana mpaka Mangalore.

Jicho la pili likipasuliwa nitumie simu ya maandishi, usingoje barua.

Mjomba wako

*

Thiruvananthapuram, 22 Julai 1991

Mjomba,

Shikamoo. Natumaini kikohozi kimepungua. Mama amefunguliwa kitambaa, na jambo la kwanza aliloliona ni kwamba nimekonda na pazia langu ni chafu. Anakusalimu. Nilimsomea barua yako, akacheka kwenye habari za mluzi. Nilipofika kwenye kigae cha tatu alisema anataka kulala.

Nilikuuliza maswali mawili, umejibu moja. Nilidhani umesahau, nikaisoma tena, nikaona hukusahau.

Nimeoka fungu la tatu. Elfu tatu na mia nane. Nimebadilisha moto, nimebadilisha muda, nimesaga unga siku mbili badala ya moja. Vinatoka vizuri kwa macho, vimenyooka, vyeupe. Ni kile kigae chako cha tatu.

Juzi Profesa Eapen aliniita chumbani kwake, akafunga mlango, akanimiminia chai mwenyewe. Akaniambia, "Hema, vile vitatu vya mwanzo tunavyo. Watu wa simu watapima vitatu tu. Tia sahihi namba ya kwanza, oda ipite, na hivyo vingine tutavitengeneza vizuri tukiwa na nafasi." Usimfikirie vibaya. Ni mtu mwema, amenishika mkono tangu siku ya kwanza, na mwakani anastaafu. Ufadhili wangu unakwisha Septemba. Oda ikipita, nafasi ya kudumu hapa ni yangu, na Mama atakaa karibu na daktari wa macho.

Kisahani cha ubora mdogo hakiui mtu. Mnara utapoteza sauti yake siku ya jua kali au ya mvua kubwa, na mtu wa Wayanad atapiga simu isiende. Basi. Nimejiambia hivyo mara nyingi mpaka nimechoka kujisikia.

Nimeamua kutia sahihi. Sikuombi ruhusa. Ila kwenye hati kuna mahali pameandikwa mtengenezaji, na jina langu likikaa pale nataka nijue nimekaa na nani. Katika miaka thelathini na moja, hakuna hata siku moja uliyopitisha kigae ulichokijua kibovu? Ukiniambia hakuna, nitaona haya. Ukiniambia ipo, nitapata usingizi. Nijibu, Mjomba.

Hemalatha

*

Feroke, 12 Agosti 1991

Hema,

Tu wazima.

Juzi Jumamosi ilikuwa mwezi mwandamo wa Karkidakam, huu mwezi wetu wa mvua kubwa. Nilikwenda mtoni kuwatolea marehemu wetu wali, kama kila mwaka. Nilimtolea na baba yako, Achuthan, kwa kuwa hakuacha mtoto wa kiume. Nikaweka tonge kwenye jani la mgomba, nikapiga makofi kwa mikono iliyolowa, na kunguru wakaja papo hapo wakala. Wengine hungoja saa nzima wakiomba marehemu wao apokee. Tonge la Achuthan halijawahi kukataliwa, na kila mwaka naona haya wakati kunguru wanakula.

Nikujibu. Siku ipo.

Ilikuwa Juni mwaka 1969. Ulikuwa na miaka mitano. Mama yako na baba yako walikuwa wamejenga kuta za udongo na kuezeka makuti, na makuti yameoza. Niliomba kiwandani nipewe fungu moja la vigae kwa bei ya wafanyakazi, wakakubali. Mwaka ule mvua iliwahi. Kuni ziliingia tanurini zimelowa, moto haukupanda. Tanuri lilipofunguliwa, vigae elfu moja na mia mbili vya dada yangu vilipangwa mbele yangu nivigonge, na mkokoteni unangoja getini.

Cha kwanza kilinijibu kwa mafua. Cha pili hivyo hivyo. Niligonga mpaka cha arobaini, halafu sikugonga tena. Nikapiga chokaa tu, kimoja baada ya kingine, vyote. Hakuna aliyenilazimisha. Msimamizi alikuwa anakunywa chai. Fungu jingine lingetoka baada ya wiki tano, na mimi nilitaka dada yangu alale pakavu kabla ya Karkidakam. Nilijiambia mwakani nitawabadilishia.

Paa lilikunywa maji mwezi mzima. Likawa zito, boriti ikapinda upande wa magharibi, maji yakawa yanashuka ndani ya ukuta ambako mtu hayaoni. Tarehe ishirini na saba Julai ukuta ulianguka. Baba yako alikuwa amelala chini yake ana homa. Wewe ulikuwa kwangu, unacheza na Kalyani. Mama yako alikuwa kisimani.

Watu wote walisema ni mvua. Nami nikasema ni mvua. Nimesema hivyo miaka ishirini na miwili, kwa mama yako, kwako, kwa Kalyani. Nilikusomesha kwa kuwa nakupenda, lakini hata ungekuwa mtoto nisiyempenda bado ningekusomesha. Vigae ambavyo havikuvunjika ndivyo vile nyuma ya kisima.

Uliniambia nikisema ipo utapata usingizi. Haya, lala kama utaweza.

Sikuambii haya kukuzuia. Sahihi ni yako. Nimekuambia kwa kuwa umeuliza mara mbili, na ya tatu nisingeiweza.

Jambo jingine, halafu nanyamaza. Umesema unga ule ule, tanuri lile lile, mikono ile ile. Hukusema mwezi ule ule. Visahani vyako vyema ulivipima Kumbham, vibaya ukavipima mvua inanyesha. Sisi mwezi huu hatukuwahi kuuamini mzani. Ukipima udongo Karkidakam unapima na maji, unadhani una kilo ya udongo kumbe una kilo ya uongo. Mfinyanzi yeyote wa hapa angekuuliza hilo kwanza, ila nyinyi mko kwenye chumba cha vigae vya sakafu na mlango wa kioo. Uangalie unga wako kama haunywi.

Chathukutty

*

Thiruvananthapuram, 27 Oktoba 1991

Mjomba,

Shikamoo. Jicho la kulia limepasuliwa tarehe kumi na nne, limepona vizuri, na Mama sasa anasoma vibao vya basi kwa sauti mpaka abiria wanageuka. Mtoto wa jirani amempa paka. Mimi sijambo.

Umengoja miezi miwili na nusu. Sikuwa mgonjwa wala barua haikupotea. Nilikukasirikia. Bahasha yako niliisoma nimesimama mlangoni, nikaiweka kabatini chini ya sari, na kwa wiki tatu sikutaka hata kuona mwandiko wako. Kila kigae nilichokiona juu ya nyumba ya mtu nilikitazama. Nilimlilia baba ambaye hata uso wake siukumbuki, nakumbuka tu fulana yake iliyoanikwa. Nilitaka uwe mbele yangu nikupigie kelele, na nilishukuru kwamba hupo.

Hati sikuitia sahihi. Ilikuwa juu ya meza ya Profesa tarehe thelathini Agosti, na kalamu yake juu yake. Nilimwambia vile vitatu ni vya bahati, na sijui kwa nini ni vizuri, na mtu asiyejua kwa nini kitu ni kizuri hawezi kukiandikia hati. Hakunikaripia. Aliondoa kofia ya kalamu akairudisha, mara mbili tatu, halafu akasema nimemweka pabaya. Ni kweli, nimemweka pabaya. Oda imekwenda kwa watu wengine. Nafasi ya kudumu amepewa Beena, ambaye anaifaa. Mimi nimepewa mpaka Machi, kwa huruma, na baada ya hapo sijui.

Kisha nikaangalia unga. Kuna mmoja mweupe, tunauita lanthana, huja kwenye kopo lililozibwa. Kopo lilifunguliwa Kumbham. Nilipima gramu mia, nikautia kwenye moto mkali usiku kucha, nikaupima tena asubuhi. Zilikuwa zimebaki themanini na nane. Gramu kumi na mbili zilikuwa mvua, Mjomba. Tulikuwa tunapima mvua na kuiandika kwenye daftari kama lanthana, watu tuliosoma, kwenye chumba chenye mlango wa kioo. Nikakausha, nikapima ukiwa bado na joto, nikaoka visahani sita, na huku mvua ya mwezi wa Thulam inanguruma nje. Elfu kumi na mbili na mia tatu. Vyote sita. Profesa alivuta kiti akaketi tena, lakini safari hii alitazama chini. Watu wa simu wamejibu kwa heshima kwamba tumechelewa kuwapa.

Nimefika kwenye jambo lenyewe. Nimelizungukia kurasa mbili.

Mama alinikuta nalia, mwezi wa tisa. Akaniuliza ni mwanaume gani. Nikashindwa kumdanganya, nikamsomea barua yako yote, hata habari za kunguru. Nilitegemea aanguke. Hakuanguka. Alikunja ncha ya shuka, akaikunjua, akaniambia maneno haya, na nayaandika kama alivyoyasema, kwa kuwa ameniambia niyaandike:

"Mimi ni dada wa mgongaji. Mkokoteni ulipofika nilichukua kigae kimoja nikakigonga kwa pete yangu. Nilikisikia. Nilikuwa nimechoka kulala chini ya makuti mabovu, nikakirudisha kwenye rundo, nikaenda kumchemshia kaka chai."

Nikamuuliza kwa nini hakusema, miaka yote hiyo. Alisema alidhani wewe hukusikia. Alidhani siku ile masikio yako yalikosea, kwa mara moja tu katika maisha yako, na kwamba ukijua lilikuwa kosa la masikio yako hutashika kigae tena. Kwa hiyo alisema ni mvua. Mnaishi uwanja mmoja, mnachota kisima kimoja, na kila mmoja anamfichia mwenzake rundo lile lile.

Sijui kama nimekusamehe, na sitaki kuandika neno ambalo sijaligonga. Najua kwamba hasira imepungua, na kwamba nakupenda kama zamani, jambo ambalo nalo lilinikasirisha.

Mama anarudi na garimoshi la tarehe kumi na tano Novemba. Amesema nisikuandikie uje kumpokea. Nakuandikia. Atabeba kisahani kimoja kati ya vile sita. Ni chako.

Hema

*

Feroke, 18 Novemba 1991

Hema wangu,

Dada yangu amefika. Nilikwenda kituoni na mwavuli. Hakunisalimu. Alisimama akatazama paa la jukwaa muda mrefu kwa macho yake mapya, halafu akasema vigae vile ni vya kwetu. Nikamwambia ndiyo, vya mwaka sitini na mbili. Tukatembea mpaka nyumbani.

Alipomaliza kunywa chai alitoa kile kitufe chako kwenye kitambaa, akakikalisha kwenye vidole vyangu vitatu, akakigonga kwa ile pete. Ni kidogo mno, na nikuambie leo kwamba masikio yangu hayako tena kama zamani, ndiyo maana niliacha kazi. Nikamuuliza yeye anasikiaje. Akasema, "Wewe ndiye mgongaji. Sema wewe."

Nilikisikia vidoleni. Nikasema kizima. Akasema na yeye amekisikia kizima. Hapo tukalia, wazee wawili, mpaka Kalyani akatoka nje akajifanya anamfukuza kuku.

Asubuhi tulikwenda nyuma ya kisima na nyundo. Dada yangu Devayani alikuwa ananipa kimoja kimoja, mimi navunja. Hatukuvigonga, hakukuwa na haja. Vipande tumevimwaga kwenye ile njia ya matope ya kwenda zizini, na jioni ng'ombe wake alipita juu yake bila kuteleza.

Machi ikifika na hujapata kazi, njoo nyumbani. Utapakuta pakavu.

Mjomba wako,
Chathukutty